Bi Mwenda si mavyaa wako

Juzi bibi harusi mmoja kanipigia simu. Nguo zake zishashonwa, mpaka hina kashapanga na mpakaji, lakini usingizi hapati. Mume mtarajiwa ni mtu wa Newala, na kinachomtia hofu ni mavyaa. "Dada, mama wakwe wa huko bara mimi nawaogopa. Wewe hukuwaona kwenye filamu?"

Nilicheka, halafu nikanyamaza. Na mimi niliolewa huko huko, na niliogopa hivyo hivyo.

Siku niliyopelekwa ukweni tulipanda basi Dar es Salaam alfajiri. Njia nzima televisheni ya basi ilikuwa filamu za Kibongo tu, na katika mbili alikuwamo Bi Mwenda. Mnamjua. Jina lake hasa ni Fatuma Makongoro, na wengi wetu tulianza kumwona kwenye michezo ya Kaole iliyokuwa ikionyeshwa na ITV, wakati huo akina Ray na Johari bado vijana wanaochipukia. Akitokeza tu mlangoni na khanga yake, basi zima linaguna. Bado hajasema neno! Mama mmoja nyuma yangu alimtukana kwa sauti, kama vile anamdai. Tulipoingia Masasi, jua likishuka kwenye ile miamba mikubwa ya mji, mimi nilikuwa nimeshamchora mavyaa wangu kichwani, na sura niliyompa ni ya Bi Mwenda.

Kesho yake tukapanda gari ya Newala. Kutoka Masasi njia inakwea uwanda wa juu wa Makonde, mikorosho kulia na kushoto, na mji wenyewe umekaa ukingoni kabisa, bonde la Ruvuma likiwa chini na Msumbiji ng'ambo. Mavyaa alinipokea kwa uji wa mtama. Nikamwambia nimefunga.

Sikuwa nimefunga. Mkobani nilikuwa na biskuti, nikazila chumbani nimejifungia mlango, Allah anisamehe.

Magharibi ilipoingia akaniandalia futari: ming'oko, samaki, chai ya tangawizi. Wifi yangu ndiye aliyeniambia baadaye kwamba mama naye hakutia kitu kinywani mchana kutwa, kwa kuona haya kula mbele ya mgeni aliyefunga. Na maji ya kuoga aliniwekea ndoo mbili. Kwetu pwani ndoo mbili si kitu. Uwanda ule ni mkavu, wanawake wa umri wake wamekua wakiteremka mabondeni kufuata maji na kupanda nayo kichwani. Kisha eti huyu ndiye wa kuniroga! Kwa mila za Wamakonde ukoo unafuata upande wa mama, na zamani mwanamume ndiye aliyehamia kwa watu wa mkewe. Hofu yangu ya mkwe wa kike angeishangaa tu.

Sasa, simlaumu Bi Mwenda hata kidogo. Mwigizaji wa nafasi ya pembeni anapewa vipande vitatu, vinne, picha yake kwenye kasha inabanwa pembeni, na bado yeye ndiye tunayemkumbuka filamu ikiisha. Kufanya hivyo miaka zaidi ya ishirini si bahati. Ninaowalaumu ni waandishi wa hizo hadithi. Mwanamke akishavuka hamsini wanamjua kwa mambo mawili tu, uchawi na ukorofi kwa mke wa mwanawe. Wazee wa kiume angalau walipewa kuchekesha. King Majuto wa Tanga aliigiza tangu utotoni mpaka alipofariki tarehe 8 Agosti 2018, na watu walimlilia kama baba yao. Lakini Bi Mwenda, au Bi Hindu, yaani Chuma Suleiman, ni lini waliandikiwa mama anayeuza korosho zake ili mkwewe arudi chuoni? Wanaweza kuigiza, nani ana shaka? Basi waandikiwe.

Na sisi pia tuna letu. Dhana mbaya ni dhambi hata ukiipata kwenye televisheni. Mimi nilidanganya kwa jina la saumu kwa sababu ya kazi nzuri ya mwigizaji, na yule mama alilala njaa mchana kwa ajili yangu. Ilinichukua miaka miwili kumwambia ukweli. Alicheka mpaka akashika mbavu.

Bibi harusi wangu nimemwambia akiletewa uji anywe. Kasema atajaribu.

Mavyaa wangu, kwa taarifa yenu, ni mshabiki mkubwa wa Bi Mwenda. Kila nikienda Newala lazima nimbebee filamu kwenye flashi, na akianza kutazama hataki kusemeshwa. "Huyu mama," huniambia, "anaijua kazi yake."