Viti na Kura

Sisi wa Kikwe, chini ya Mlima Meru, tuna jirani zetu wa Mbulu. Mwaka 1960 ndio waliomchagua mgombea binafsi, Bwana Herman Sarwatt, huku TANU ikitwaa viti vingine vyote 70 vya Baraza la Kutunga Sheria la Tanganyika. Baraza lile liliegemea upande mmoja, lakini ndivyo walivyotaka wapiga kura.

Visiwani mambo yalikuwa kinyume. Katika uchaguzi wa Julai 1963, Afro-Shirazi ilipata zaidi ya asilimia 54 ya kura, lakini viti 13 tu kati ya 31. Hizbu ilipata 12 na ZPPP 6. Vyama hivyo viwili vikaunda serikali, na Waziri Mkuu, Sheikh Mohammed Shamte, akatoka ZPPP, chama kidogo kuliko vyote. Kura za Afro-Shirazi zilirundikana katika ngome zake. Wapinzani wake walishinda majimbo mengi kwa kura chache.

Uhuru ulipatikana tarehe 10 Desemba 1963. Mapinduzi yakafuata tarehe 12 Januari 1964. Hatusemi kwamba hesabu ya viti peke yake ndiyo iliyoleta Mapinduzi. Tunasema kuwa serikali isiyokuwa na wingi wa kura ilikosa nguzo muhimu ya kuegemea.

Kwa hiyo, wanaokata mipaka ya majimbo hawana budi kukumbuka kwamba kazi yao si ya kuchora ramani tu. Wananchi wakiona kura zao hazifiki barazani, watatafuta njia nyingine ya kusikika.