Neno la Mhariri: Waliobaki na Picha

Toleo hili tumewapa wachoraji, na wengi wao ni watu wa Ulaya. Najua swali litakaloulizwa kuanzia Lamadi hadi Bariadi: sisi watu wa pamba na dagaa tunamtafutia nini Mholanzi aliyefariki mwaka 1890? Swali ni la haki. Nalijibu mapema, kwa kuwa jibu lake ndilo lililotufanya tuwaandike.

Mholanzi huyo ni Vincent van Gogh. Alishika kazi ya uchoraji akiwa na miaka 27, akafa akiwa na 37, na katika miaka hiyo kumi alipaka picha za rangi ya mafuta zaidi ya 800. Ambaye hajawahi kuona hata picha yake moja huenda amesikia kwamba alijikata sikio mjini Arles, Desemba 1888, na kwamba alikufa kwa risasi. Kisa hicho kimesimuliwa mno. Kinachonigusa mimi ni kilichotokea baada ya maziko.

Theo, mdogo wake, ndiye aliyekuwa akimtumia fedha za chakula na rangi. Naye alifariki Januari 1891, miezi sita tu baada ya kaka yake. Akabaki mjane wa miaka 28, Johanna, na mtoto wa kiume ambaye hata mwaka hajatimiza, na mamia ya picha ambazo soko halikuwa likizitaka, na barua nyingi ambazo Vincent alikuwa amemwandikia Theo. Johanna hakuwa mchoraji. Alihamia mji mdogo wa Bussum, akafungua nyumba ya kulaza wageni ili apate riziki, akazitundika picha za shemeji yake kwenye kuta za nyumba hiyo. Kisha akazisoma barua, moja baada ya nyingine, na kujaribu kuzipanga kwa mfuatano wake, maana nyingi hazikuwa na tarehe. Aliandaa maonyesho. Aliuza picha chache kwa kuchagua mnunuzi, nyingine akakatalia. Mwaka 1914, miaka 24 baada ya Vincent kuzikwa, barua zile zilitoka kitabuni. Mwaka 1924, mmoja kabla ya kifo chake mwenyewe, ndipo alipokubali picha moja ya alizeti ichukuliwe na National Gallery ya London. Yule mtoto mchanga alikua, akaitunza hazina aliyoachiwa, na mwaka 1973 jumba la makumbusho la Van Gogh likafunguliwa Amsterdam.

Ndiyo maana leo tunajua Vincent alikuwa anawaza nini alipochagua rangi ya njano, na deni gani lilikuwa likimsumbua wiki ile. Kipaji kilikuwa chake. Kumbukumbu ni kazi ya Johanna.

Ukurasa wa Gabriele Münter unasema jambo hilo hilo kwa njia ngumu zaidi, kwa sababu yeye alikuwa mchoraji hodari kwa haki yake. Aliishi na Wassily Kandinsky, Mrusi aliyebadilisha uchoraji wa Ulaya, mpaka vita vya 1914 vikawatenganisha, na Kandinsky akaja kuoa mwingine. Münter alikuwa na kila sababu ya kuziuza au kuzichoma picha za mtu huyo. Badala yake, serikali ya Hitler ilipoanza kuisaka sanaa mpya na kuiita chafu, alizificha katika nyumba yake kule Murnau. Mwaka 1957, akiadhimisha miaka 80 ya kuzaliwa, aliukabidhi mji wa München kazi zaidi ya 1,000, zake na za wenzake, zikiwamo picha za mafuta za Kandinsky zipatazo 90.

Hoja yangu basi ni hii: hao tunaowaita wachoraji wakubwa wa Ulaya hawakukumbukwa kwa sababu Ulaya ina vipaji kuliko sisi. Walikumbukwa kwa sababu mtu wa karibu alibaki na picha, akabaki na karatasi, akaandika jina na mwaka.

Tuje kwetu. Edward Saidi Tingatinga alizaliwa mwaka 1932 upande wa Tunduru, akafanya kazi kwenye mashamba ya mkonge Tanga, akaishia Dar es Salaam. Mnamo mwaka 1968 alianza kuchora wanyama na ndege kwenye vipande vya mraba vya ubao wa silingi, kwa zile rangi za kung'aa za kupaka baiskeli, na picha zikauzwa maeneo ya Oysterbay. Mwaka 1972 polisi walimpiga risasi, wakidhani ni mhalifu anayekimbia. Miaka minne, basi, na katika miaka hiyo minne alianzisha aina ya uchoraji inayobeba jina lake mpaka leo. Aliowafundisha, akina January Linda, Adeusi Mandu, Kasper Tedo, Simon Mpata na Abdallah Ajaba, waliiendeleza kwa mikono yao, na mwaka 1990 kikaundwa chama cha ushirika. Ni urithi wa kujivunia. Lakini hakuna kitabu cha barua za Tingatinga. Habari za maisha yake zilikusanywa baadaye, na sehemu kubwa walizikusanya wageni. Sisi tumeridhika kumsimulia kwa ile risasi, kama wanavyomsimulia Van Gogh kwa sikio, na kazi ya mikono yake tumeiachia watalii.

Sam Ntiro, mzaliwa wa Kilimanjaro, alisoma Makerere chini ya Margaret Trowell, kisha chuo cha Slade, London. Mwaka 1960 Museum of Modern Art ya New York ilinunua picha yake ya wanaume wanaopeleka pombe ya ndizi kwa bibi harusi usiku. Mwaka uliofuata akawa Balozi wa kwanza wa Tanganyika nchini Uingereza. Muulize mwanafunzi wa sekondari yoyote ya Busega kama amewahi kulisikia jina hilo. Lubaina Himid, aliyezaliwa Zanzibar mwaka 1954, alipata Tuzo ya Turner mwaka 2017. Everlyn Nicodemus wa Marangu, wa mwaka huo huo wa kuzaliwa, picha aliyojichora mwenyewe imenunuliwa na National Portrait Gallery ya London. Hao nao wamo katika toleo hili, na nafurahi kwamba wawili hao wa mwisho wamo wakiwa hai.

Kuna watakaosema kwamba Msukuma ni mtu wa ngoma, na uchoraji si jadi yake. Nawapeleka kwenye nyumba za Bayeye, wale wa chama cha nyoka. Ndani ya nyumba hizo, mahali ambapo asiyeingizwa chamani hakufika, kuta zilichorwa nyoka, watu na viumbe vya masimulizi ya chama. Hans Cory, mzaliwa wa Vienna aliyekuwa mtaalamu wa mila na jamii katika serikali ya kikoloni ya Tanganyika, aliziona, na mwaka 1953 kitabu chake juu ya michoro hiyo kilichapwa London. Nyaraka zake zimehifadhiwa katika maktaba ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Namshukuru Cory, kwa kuwa bila yeye tungebaki na uvumi. Lakini jina lililo kwenye jalada ni lake, na kuta zile zilikuwa za udongo.

Tazameni tofauti. Waganga wawili wa ngoma, Ngika na Gumha, tunawajua kwa majina, kwa sababu wafuasi wao, Bagika na Bagalu, wanashindana kila baada ya mavuno na kila upande unamwimba mwanzilishi wake. Watunzi wa nyimbo tunawajua, wao hujitaja ndani ya wimbo wenyewe. Kwa hiyo Usukuma unajua kabisa kutunza sifa ya msanii. Mchoraji tu ndiye aliyekosa wa kumwimba, na ukuta wake ulipoanguka yeye alianguka nao. Hilo si jambo la kulaumu wazee. Ni jambo la kurekebisha sasa, maana tunao wachoraji wanaofanya kazi hivi leo: wanaoandika mabango ya maduka kwenye barabara ya Mwanza na Musoma, wanaochora majina ya mitumbwi ufukweni, walimu wanaochora ramani na mwili wa binadamu kwenye kuta za madarasa. Wachache kati yao wanatia sahihi. Tukingoja mmoja wao apate sifa London ndipo tumwandike, tutakuwa tumechelewa kama tulivyochelewa kwa Tingatinga.

Kwa hiyo soma toleo hili ukiwa na kalamu mkononi. Kama baba, shangazi au jirani yako amechora, tuandikie jina lake kamili na kijiji chake, nani alimfundisha, rangi alizipata wapi, alilipwa nini, na kazi ipi bado ipo. Ukuta uliochorwa, upige picha kabla ya mvua za vuli na kabla mwenye nyumba hajapaka plasta mpya. Daftari la zamani lenye michoro usiliwashie moto jikoni. Lilete ofisini kwetu Nyashimo, tutalinakili na kukurudishia. Tutakachopokea tutakichapa, jina la mchoraji likitangulia na la aliyeandika likifuata.