Kampuni za michezo ya video zisifiche mlango wa kutokea

KUJIUNGA na huduma ya michezo ya video kwenye intaneti ni kazi ya dakika chache tu. Mteja huandika nambari za kadi yake ya benki, akabonyeza kitufe kimoja, na papo hapo kijana wake akaanza kusakata kabumbu ya runingani na wenzake walio ng'ambo.

Kujitoa katika huduma iyo hiyo ni kisa kingine kabisa.

Chukua mfano wa mzazi anayemlipia mwanawe usajili wa mwezi mmoja wakati wa likizo. Shule zinapofunguliwa, mtoto anarejea bwenini na mashine ya kuchezea inafunikwa kitambaa. Malipo, hata hivyo, hayakomi. Kila mwezi kiasi kile kile hukatwa kwenye akaunti, mpaka siku ambapo mzazi anatafuta pesa za karo na kugundua kwamba zimepungua.

Mzazi huyo hakuibiwa kwa maana ya kawaida ya neno hilo. Alikubali mkataba ambao masharti yake yanasema kwamba usajili utaendelezwa kiotomatiki muda wake ukiisha, isipokuwa mteja mwenyewe aukatize. Kunyamaza kwake kumehesabiwa kuwa idhini.

Hapo ndipo penye kiini cha suala hili. Sokoni, mtu aliyenyamaza huwa hajanunua kitu. Katika biashara hii mpya, anayenyamaza ndiye mnunuzi anayeleta faida kubwa, kwani hulipa bila kutumia chochote.

Uingereza ilikuwa miongoni mwa nchi za kwanza kulivalia njuga suala hili kwa upande wa michezo ya video. Mnamo Aprili 2019, Mamlaka ya Ushindani na Masoko ya nchi hiyo ilianza kuchunguza mikataba ya kampuni tatu kubwa: Microsoft yenye Xbox, Sony yenye PlayStation, na Nintendo.

Maswali ya wachunguzi yalikuwa mepesi. Je, mteja anafahamishwa waziwazi kwamba malipo yatajirudia? Je, ni rahisi kiasi gani kwake kujitoa na kurejeshewa pesa? Na je, kampuni inaweza kubadilisha bei au huduma mkataba ukiwa unaendelea?

Microsoft ilitoa ahadi zake Januari 2022. Ilikubali kueleza kinagaubaga kwamba usajili hujiendeleza, na kuwapa wateja wa mikataba ya miezi 12 nafasi ya kujitoa na kurejeshewa sehemu ya pesa zao. Aidha, ilikubali kuwasiliana na wateja ambao hawajatumia huduma kwa muda mrefu lakini wanaendelea kulipa. Wakiendelea kutoitumia, kampuni yenyewe itaacha kuwatoza.

Aprili mwaka huo, Sony nayo ilitoa ahadi kama hiyo kwa wateja wa PlayStation Plus. Nintendo ilikuwa imebadilisha utaratibu wake, ikaacha kuuza huduma ya Nintendo Switch Online ikiwa tayari imewekewa malipo ya kujirudia.

Ahadi hizo zinafichua jambo moja muhimu. Kampuni ya michezo inajua ni nani anayecheza na ni nani asiyecheza. Kila mashine inapowashwa na mteja kuingia kwenye akaunti yake, habari hizo hufika kwa kampuni. Kwa hivyo, hakuna anayeweza kudai kwamba hakujua mteja fulani aliacha kucheza zamani. Ujuzi huo umekuwepo siku zote. Kilichokosekana ni msukumo wa kuutumia kwa manufaa ya mteja.

Mbona kampuni zipende utaratibu huu? Jibu limo katika tabia ya binadamu. Wanauchumi Liran Einav, Ben Klopack na Neale Mahoney walitoa utafiti mnamo 2023 kuhusu huduma 10 za kulipia usajili nchini Marekani. Walitazama kinachotokea kadi ya benki inapobadilishwa, na mteja akalazimika kuamua upya kama anataka kuendelea.

Waligundua kwamba wateja wengi huondoka wakati huo. Yaani, walikuwa wakilipa kwa sababu ya kusahau, wala si kwa sababu ya kuridhika. Kwa makadirio ya watafiti hao, usahaulifu wa wateja huongeza mapato ya wauzaji kwa kati ya asilimia 14 na zaidi ya asilimia 200, kutegemea huduma yenyewe.

Si haki, hata hivyo, kudai kwamba utaratibu huu hauna faida yoyote kwa mchezaji. Kwenye PlayStation, kwa mfano, michezo mingi ya kununuliwa haiwezi kuchezwa na wenzako mtandaoni bila usajili, na michezo ya kila mwezi iliyopatikana kupitia usajili hufungwa muda unapokwisha. Anayecheza kila siku huenda akafurahi kwamba hakatizwi katikati ya mashindano.

Lakini faida hiyo haihitaji hila. Anayetaka kuendelea anaweza kuchagua mwenyewe malipo ya kujirudia, na asiyetaka akaonyeshwa mlango. Tatizo huanza pale mlango wa kuingilia unapokuwa mpana ilhali wa kutokea umefichwa nyuma ya pazia.

Nchini Marekani, Tume ya Biashara ya Serikali Kuu, FTC, iliishtaki kampuni ya Amazon mnamo Juni 2023 kuhusu usajili wa Prime. Ilidai kuwa mteja aliyetaka kujitoa alipitishwa kurasa nne, mibonyezo sita na machaguo 15. Ilidai pia kwamba ndani ya kampuni utaratibu huo uliitwa Iliad, jina la utenzi mrefu wa Ugiriki ya kale kuhusu vita vya Troy.

Mnamo Septemba 2025 kampuni hiyo ilikubali kulipa dola bilioni 2.5 ili kesi imalizike, dola bilioni 1.5 kati yazo zikiwa za kuwarejeshea wateja.

Tume iyo hiyo ilikuwa imepiga hatua kubwa zaidi Oktoba 2024, ilipotangaza kanuni ya kuzilazimu kampuni zote kufanya kujitoa kuwe rahisi sawa na kujiunga. Ilisema ilikuwa ikipokea malalamishi karibu 70 kwa siku kuhusu usajili wa aina hii mwaka huo, kutoka 42 kwa siku mnamo 2021.

Kwa masikitiko ya watetezi wa wateja, kanuni hiyo haikudumu. Julai 8, 2025, siku chache kabla ya kuanza kutekelezwa kikamilifu, mahakama ya rufaa iliifutilia mbali. Mahakama haikusema kwamba ni halali kuwatega wateja. Ilisema tume iliruka hatua moja ya kisheria: haikuandaa tathmini ya awali ya athari za kiuchumi za kanuni yenyewe.

Ujerumani ilifuata njia tofauti. Tangu Julai 1, 2022, sheria ya nchi hiyo inataka biashara zinazouza mikataba ya aina hii kwenye intaneti ziweke kitufe cha kukatiza mkataba, kinachoonekana wazi na kufikiwa kwa urahisi. Bunge la Uingereza nalo lilipitisha sheria mnamo 2024 inayotaka wateja wa usajili wakumbushwe kuhusu malipo na wawezeshwe kujitoa kwa njia nyepesi, ingawa utekelezaji wa sehemu hiyo uliahirishwa.

Je, haya yote yanatuhusu vipi sisi humu nchini?

Yanatuhusu kwa kuwa kadi zinazotozwa sasa ni zetu pia. Tangu Juni 2022, hata mteja wa M-Pesa asiye na akaunti ya benki anaweza kupata kadi ya Visa ya kulipia bidhaa mitandaoni. Fauka ya hayo, baadhi ya vijana wetu hufungua akaunti za michezo wakijiandikisha kuwa wako Marekani, Uingereza au Afrika Kusini, kwa sababu huduma wanazozitaka hazikuandaliwa kwa ajili ya nchi hii. Wanapotozwa isivyostahili, hawajui wamlilie nani.

Kenya haikosi msingi wa kisheria. Kifungu cha 46 cha Katiba ya 2010 kinampa mtumiaji haki ya kupata habari anazohitaji ili anufaike na bidhaa au huduma, kulindwa kwa maslahi yake ya kiuchumi, na kulipwa fidia anapopata hasara. Sheria ya Kulinda Watumiaji ya 2012 ina sehemu inayohusu mikataba ya intaneti, na inamtaka muuzaji atoe habari muhimu kwa mnunuzi kabla ya mkataba kufungwa.

Hata hivyo, kumpa mtu habari mwanzoni ni jambo moja, na kumwekea njia ya kujitoa baadaye ni jambo jingine. Mzazi wa mfano wetu huenda alionyeshwa masharti yote siku ya kwanza. Kilichomponza ni kwamba hakuna aliyemkumbusha mwezi wa pili, wa tatu wala wa nne.

Ndipo ninaposhikilia kwamba taifa hili linahitaji kanuni tatu fupi. Kwanza, malipo ya kujirudia yawepo tu pale mteja amechagua mwenyewe. Pili, mteja akumbushwe kabla ya kila malipo mapya, na asiyetumia huduma kwa muda mrefu aachwe kutozwa. Tatu, kujitoa kusiwe na hatua nyingi kuliko kujiunga.

Watakaoandika kanuni hizo wajifunze kutokana na yaliyoikuta Marekani. Sheria yetu ya 2013 kuhusu kanuni zinazotungwa na mawaziri na taasisi za serikali inataka umma ushirikishwe, na athari zitathminiwe pale kanuni zinapoweza kuubebesha umma gharama kubwa. Kanuni nzuri iliyotungwa kwa pupa huishia kortini, na anayeumia ni yule yule iliyekusudiwa kumlinda.

Kwa sasa, mteja asingoje serikali. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari.

Ajue kwanza kwamba kuufuta mchezo kwenye simu au mashine hakukatizi malipo. Mkataba uko kwenye akaunti, na ni huko anakopaswa kuingia, atafute sehemu ya usajili, kisha azime malipo ya kujirudia. Aliyejiunga kupitia duka la programu la simu yake, liwe la Google au la Apple, hujitoa kupitia duka lilo hilo.

Pili, si lazima angoje siku ya mwisho. Katika huduma nyingi, anayezima malipo ya kujirudia siku ile ile aliyojiunga huendelea kucheza hadi muda aliolipia utakapokwisha. Akiwa kwenye majaribio ya bure, asome masharti kwanza, kwani baadhi ya huduma hufungwa papo hapo.

Tatu, ahifadhi barua pepe inayothibitisha kwamba amejitoa. Akitozwa baada ya hapo, aiandikie kampuni, na isipomsikiza apeleke ushahidi huo kwa benki iliyotoa kadi na kuiomba iyapinge malipo. Na anayemnunulia mtoto anaweza kutumia kadi ya zawadi yenye kiasi maalumu badala ya kuacha nambari za kadi yake ya benki kwenye mashine ya mtoto.

Tahadhari hizo zitawaokoa wachache waliobahatika kuzisoma. Kwa wengine wote, kinga ya kweli ni sheria inayokataa kuhesabu kimya kuwa idhini. Kampuni inayoamini huduma yake ni bora haina sababu ya kuogopa mlango ulio wazi.