Nani Kasema Pale Palikuwa Patupu?

Kila Novemba na Desemba, watu husafiri kutoka kila pembe ya dunia kwenda Tekapo, katika Kisiwa cha Kusini cha New Zealand, kupigwa picha katikati ya maua. Nyuma kuna ziwa la buluu na milima yenye theluji. Mbele kuna lupini, maelfu kwa maelfu, zimesimama wima kama mishumaa ya zambarau, waridi, nyeupe na njano. Picha zikifika mtandaoni, maoni ni yale yale: pepo hii, nipelekeni na mimi. Nami nasema picha zile ni za uharibifu. Kama uharibifu huo ungekuwa na sura mbaya, ungekuwa umeshughulikiwa zamani. Uzuri ndio wakili wake.

Lupini ni jamii ya kunde, ndugu wa maharage na mbaazi. Ile ya Tekapo asili yake ni magharibi mwa Amerika Kaskazini. David Douglas, Mskoti aliyekuwa akikusanya mimea, aliipeleka Uingereza katika miaka ya 1820. Karibu karne moja baadaye, George Russell, mtunza bustani wa mji wa York, alitumia miaka zaidi ya 20 kuichagua. Aliwaachia nyuki kazi ya kuchanganya chavua, kisha aking'oa kila mche usiomridhisha na kubakiza wenye rangi kali. Mwaka 1937 aliionyesha London, na tangu hapo lupini za Russell zimepandwa bustanini karibu kila penye baridi ya kutosha.

Sina ugomvi na mzee Russell. Ua lililo ndani ya ua halina kesi. Kesi inaanza ua linaporuka ua.

Na mara nyingi haliruki, hurushwa. Simulizi linalopendwa sana kule Tekapo linamtaja mke wa mfugaji wa kondoo aliyenunua mbegu za lupini na kuzimwaga kando ya barabara ili nchi ipendeze. Simulizi hilo husimuliwa kwa tabasamu. Marekani wamelifanya hadithi ya watoto: katika kitabu cha Barbara Cooney cha mwaka 1982, *Miss Rumphius*, bibi mmoja anatembea Maine akitupa mbegu za lupini ili dunia iwe nzuri zaidi kuliko alivyoikuta. Watoto wamekua na somo hilo. Hakuna anayewaambia kwamba lupini zinazojaa kando ya barabara za Maine ni zile zile za upande wa pili wa bara, na kwamba lupini ya asili ya Maine imeshatoweka katika jimbo hilo.

Kwamba dunia inahitaji kupambwa, na kwamba mimi ndiye mpambaji, ni wazo linalosimama juu ya dai moja lisilosemwa: pale palikuwa patupu.

Tuangalie huo utupu wa Tekapo. Mito ya eneo lile haiendi kwa mkondo mmoja. Inagawanyika, inakutana, inagawanyika tena juu ya uwanda mpana wa kokoto, kama nywele zilizosukwa. Mafuriko yakija mikondo inahama, kokoto zinageuzwa na majani yanasombwa. Mtalii anaona mawe tu. Ndege wanaona nyumbani. Yupo mmoja mdogo ambaye mdomo wake umepinda kuelekea kulia, jambo lisilopatikana kwa ndege mwingine yeyote duniani, naye hutumia mdomo huo kudokoa wadudu chini ya mawe. Yupo kakī, mweusi mwenye miguu mirefu myekundu, ambaye mwaka 1981 walibaki wakubwa 23 tu porini. Ndege hawa hutaga mayai juu ya kokoto tupu. Hawana ukuta wala mti, na kinga yao ni kumwona adui angali mbali.

Sasa mwaga lupini hapo. Mizizi inashika kokoto na mto unabanwa katika mikondo michache yenye kina. Mapito yaliyokuwa wazi yanageuka vichaka, na ndani ya vichaka wanajificha paka, vicheche na kalunguyeye, nao pia waliletwa na watu. Maganda yakikauka yanapasuka na kurusha mbegu, kisha maji yanazibeba hadi kwenye kokoto zilizo chini zaidi. Wanaoitetea husema, "Lakini inarutubisha udongo." Ni kweli. Bakteria wa kwenye mizizi yake huchukua nitrojeni ya hewani na kuifanya mbolea. Tatizo ni kwamba mimea ya pale imejifunza kuishi juu ya udongo maskini. Ukiweka mbolea humsaidii mwenyeji, unamfungulia mlango kila jani lenye pupa limzidi nguvu.

Darasani, sisi tunaosomea ikolojia katika shahada ya uzamili tunafundishwa kuiita lupini hii "spishi vamizi". Neno lina kazi yake, lakini lina hila. Mvamizi huja mwenyewe, usiku, na panga mkononi. Lupini ilinunuliwa, ikafungwa kwenye pakiti, ikapandishwa meli, ikatiwa kiganjani mwa mtu, na kiganja kikafunguka. Tukisema "mmea umevamia", tumeuficha mkono nyuma ya kitenzi. Tena lugha hii ya mgeni na mvamizi haichelewi kuhama kutoka kwa mimea kwenda kwa watu, na sisi tunaopanga foleni za visa tunajua inakoishia.

Lupini si mbaya kwa kuwa ni lupini. Mashariki mwa Marekani kuna kipepeo mdogo wa buluu, aliyeelezwa kisayansi katika miaka ya 1940 na Vladimir Nabokov, yule yule wa riwaya. Kiwavi wake hula majani ya lupini ya asili ya kule, na hayo tu. Lupini hiyo ikiondoka, naye amekwenda. Hata nyanda za juu za Afrika Mashariki zina lupini yao, *Lupinus princei*, ambayo haijamkosea mtu. Mmea uleule ni chakula mahali pamoja na balaa mahali pengine. Kinachotofautisha ni mahali, na nani aliyeamua kuupeleka huko.

Hoja ngumu kuliko zote inatoka Iceland, na sitaikwepa. Mwaka 1945 Hákon Bjarnason, mkuu wa idara ya misitu ya nchi hiyo, alileta mbegu za lupini kutoka Alaska. Hakuwa akitafuta mapambo. Tangu watu walipohamia kisiwa kile katika karne ya 9, misitu ilikatwa, kondoo wakamaliza machipukizi, na upepo ukabeba udongo. Lupini ilipewa kazi ya kuushika. Mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe, na kwa kweli mgeni huyu alilima. Mahali palipokuwa mchanga mweusi sasa pana kijani, na wapo Waiceland wanaompenda kwa sababu hiyo. Lakini jembe halikujua mpaka. Lupini ilipanda hadi kwenye mbuga za vichaka vifupi na matunda ya porini, ambako hakukuwa na jeraha la kutibu, ikayafunika. Mwiba wa kujidunga hauambiwi pole: walioichuna nchi ni watu na kondoo wao, na dawa waliyoichagua ni ile isiyowadai kupunguza kondoo.

Hapo ndipo hadithi inapotufikia sisi. Mwanzoni mwa miaka ya 1980, Baringo, Kenya, ilionekana nayo kuwa kavu na tupu. Ukaletwa mti wa mathenge kutoka Amerika ili uzuie jangwa na utoe kuni. Mathenge ukala malisho, ukaziba njia za mifugo, na maganda yake matamu yakaozesha meno ya mbuzi, hadi wananchi wakapeleka mbuzi kibogoyo mahakamani awe ushahidi. Kabla ya kusambaa Ziwa Victoria, gugu maji lilikuwa limesafirishwa kutoka Amerika Kusini kwenda nchi nyingi kwa sababu ua lake la zambarau linapendeza kwenye bwawa. Muulize mvuvi wa Kisumu ambaye mtumbwi wake ulikwama kama bado analiona zuri.

Finland ilipiga marufuku kuuza na kupanda lupini hii mwaka 2019, na Norway ilitangulia. Watu walilalamika kwamba serikali inachukia maua. Hayo ni malalamiko ya mtu aliyepewa faida bila bili. Mbegu ya lupini inaweza kulala ardhini miaka mingi ikiwa hai. Anayeitupa huchukua dakika moja. Anayekuja kung'oa atarudi mwaka huu, mwakani, na miaka mingi baada yake, akiinama juu ya kokoto na kuangalia asikanyage yai.

Kwa hiyo ukiiona picha ya Tekapo, usinitajie uzuri kwanza. Niambie nani alikuwa akiishi pale kabla ya maua, na nani analipwa kuyang'oa. Na ukipewa pakiti ya mbegu huku ukiambiwa ukaipambe dunia, irudishe.