Bwana DC Hakuwa Mwamuzi

Ukikaa matangani upande wowote wa Busia, wa Kenya au wa Uganda, hukosi kumsikia mzee akilalamikia barabara, kisha kitu kidogo cha ofisini, kisha akamalizia: afadhali Mzungu. Kwamba Bwana DC, yule mkuu wa wilaya wa enzi za ukoloni, hakula rushwa, hakuwa na ndugu wa kupendelea, alisikiliza kesi na kuikata kwa haki. Siku hizi wajukuu nao wamelishika neno hilo na kuliongezea sababu: wale mabwana walilelewa kwenye kriketi, mchezo wa kiungwana, ambao mwamuzi akiinua kidole mchezaji huondoka bila kubisha. Mtu wa malezi hayo, wanauliza, angedhulumuje?

Nawaheshimu wazee hao, na uchungu wao juu ya serikali za leo ni uchungu wangu pia. Lakini sifa hiyo wanayompa DC si kweli, na inatuharibia watoto.

Kuhusu kriketi, wajukuu hawakubuni. Ralph Furse, aliyesimamia uajiri wa maofisa wa makoloni kule London hadi 1948, hakuwa na imani kubwa na mitihani. Alimwita kijana, akazungumza naye, akapima shule aliyotoka na mchezo aliocheza. Kwa jirani zetu wa Sudan hali ilikuwa hiyo hiyo: nchi kubwa kupindukia ilitawaliwa kwa zaidi ya nusu karne na watu wapatao 400 kwa jumla, wengi wao wanamichezo wa Oxford na Cambridge.

Mmoja wao alikuwa Norman Mitchell-Innes. Alizaliwa Calcutta mwaka 1914. Mwaka 1935, akiwa bado mwanafunzi wa Oxford, aliichezea Uingereza dhidi ya Afrika Kusini, akapata mikimbio 5, na hiyo ikawa mechi yake pekee ya kimataifa. Mwaka uliofuata alikuwa nahodha wa Oxford. Kisha akaenda Sudan kutawala, akabaki huko hadi 1954. Alikuwa mchezaji wa ridhaa, asiyelipwa kwa kucheza, na alipopata likizo aliichezea Somerset. Mwaka 1948 timu hiyo ilikuwa na manahodha watatu wa kupokezana. Wawili kati yao, yeye na Jake Seamer, walikuwa maofisa wa utawala wa Sudan.

Sina neno baya juu ya upigaji wake, na kriketi yenyewe naipenda. Uganda ilipoifunga Papua New Guinea kule Guyana, Juni 2024, katika Kombe la Dunia, nilifurahi kama mtu aliyepata mtoto. Swali langu ni jingine: kijana kama huyo alifundishwa haki ya nani?

Maana kriketi ya Uingereza ya wakati ule iliwagawa watu wake wenyewe. Waliocheza kwa ridhaa waliitwa mabwana, na waliolipwa waliitwa wachezaji tu. Katika viwanja vingi walibadilishia nguo vyumba tofauti na kuingia uwanjani kwa malango tofauti. Hata kwenye karatasi ya matokeo, herufi za bwana zilitangulia jina lake la ukoo, za mtu wa kulipwa zikafuata nyuma. Len Hutton alipopewa unahodha wa Uingereza mwaka 1952 ilikuwa habari kubwa, kwa sababu alikuwa mchezaji wa kulipwa. Ubaguzi huo ulifutwa Novemba 1962, wiki chache baada ya bendera ya Uganda kupandishwa. Kijana aliyekua akiona fundi wa mchezo akipitishwa lango la pembeni, nani amwamini kwamba alipofika kwetu alimwona Mteso au Msamia kuwa sawa naye?

Na hata tukiichukua kriketi kwa sheria zake, inamhukumu. Mpigaji hajiamulii. Lakini DC wa enzi hizo alikuwa msimamizi wa kodi, hakimu wa aliyeshindwa kuilipa, na mkubwa wa polisi waliomkamata. Machifu walipata cheo kwa idhini yake, kisha mashtaka dhidi yao yakaishia mezani kwake. Mtu aliyeshika gongo, mpira na kidole cha mwamuzi kwa pamoja hachezi mchezo wowote na wewe.

Kuhusu rushwa, Bwana DC aombe chai ya nini? Mshahara wake, nyumba yake, likizo yake ya kwenda kucheza na pensheni yake vyote vilitoka kwenye makusanyo ya nchi aliyoitawala. Waliosumbuana na raia ana kwa ana walikuwa walio chini yake. Bukedi, eneo lenye Tororo yetu hii, iliyatambua hayo mapema. Semei Kakungulu aliingia na jeshi lake kutoka Buganda mwaka 1899, akajenga ngome Budaka, akaswaga ng'ombe wa watu. Manung'uniko yalipozidi Waingereza walimwondoa Budaka, naye akahamia Mbale. Lakini mfumo wa machifu aliouweka waliubakiza, kwa kuwa ulikusanya kodi.

Januari 1960 mfumo huo ulilipuka. Watu wa Bukedi waliwafuata machifu walioonekana kuwakadiria kodi kwa upendeleo, wakachoma nyumba zao. Polisi walifyatua risasi, watu wakafa. Ilikuwa bado serikali ya Malkia, na mabwana bado walikuwa ofisini. Mzee anayesema enzi zile hakukuwa na dhuluma ya ofisi alikuwa wapi mwezi ule?

Hata mpaka wenyewe mabwana hao waliuamua peke yao. Mwaka huo huo wa 1960 kijana wa Kisamia, Aggrey Awori, aliiwakilisha Uganda katika riadha kwenye Olimpiki ya Roma. Baadaye akawa mbunge wa Samia-Bugwe Kaskazini, na mwaka 2001 akagombea urais wa Uganda. Kaka yake, Moody Awori, alikuwa mbunge wa Funyula, ng'ambo ya pili, kisha Makamu wa Rais wa Kenya. Ndugu wa baba mmoja, nchi mbili. Aprili 1902 London iliuhamisha mkoa wa mashariki wa Uganda kuwa upande wa Kenya ya leo, reli ipate kuwa chini ya utawala mmoja, na mstari ukafuata Mto Sio na kupanda hadi Mlima Elgon, ukipita katikati ya Wasamia na Wateso. Leo Msamia anayevuka kwenda kumzika shangazi yake huulizwa karatasi. Reli ilifikiriwa. Babu wa akina Awori hakuulizwa.