Sauli Alilia, Daudi Hakurudi



Hapa Mutuini swali hili huja baada ya ibada, kwa sauti ya chini: "Pasta, ananipiga, lakini akienda siku mbili moyo wangu unamlilia. Si hiyo ni ishara kwamba Mungu ndiye aliyetuunganisha?"

Hapana, mama. Hicho ni kifungo.

Fungua 1 Samweli. Sura ya 18 Sauli anarusha mkuki. Sura ya 19 anaapa kwa jina la Bwana kwamba Daudi hatauawa. Daudi anarudi, anapiga kinubi kama zamani, na mkuki unarushwa tena. Wengine wenu mnaijua ratiba hiyo. Kipigo, machozi, kilo ya nyama na leso mpya, wiki mbili tamu, halafu kipigo. Zile wiki mbili ndizo zinazofunga. Mkono unaoumiza ukiwa ndio huohuo unaopoza, moyo hujifunza kuungoja.

Wengine mmegeuza kumwokoa mtu kuwa huduma. Unalipa madeni yake ya pombe, unamdanganya mwajiri wake kwamba ni mgonjwa, unafunga siku 21 huku umeficha jicho kwa kitambaa. (Wanaume pia mko, mnanyamaza tu.) Mwokozi ni mmoja, na si wewe.

Nikiwa mchungaji kijana nilimwambia dada mmoja arudi, anyenyekee, aombe. Alirudi. Nilipomwona tena mkono ulikuwa kwenye plasta. Nilitubu, na sijamwambia mtu tena neno hilo.

Na usidhani ni mambo ya wanyonge. Septemba 2021 Agnes Tirop alivunja rekodi ya dunia ya kilomita 10 huko Ujerumani, katika mbio za wanawake pekee. Mwezi uliofuata alikutwa ameuawa nyumbani kwake Iten, na mumewe akashtakiwa.

Sasa soma sura ya 26. Sauli anakiri kosa, anamwita Daudi mwanangu, anamwambia rudi. Daudi yuko juu ya mlima, nafasi kubwa katikati yao. Alikuwa amemsamehe, maana usiku huo angeweza kumuua na hakumuua. Anasema kijana mmoja aje achukue mkuki. Kisha akaenda zake.

Nambari 1195 ni ya bure, usiku na mchana. Kwa sheria ya mwaka 2015, mahakama inaweza kumwamuru akae mbali nawe. Na ukija ofisini kwangu, sitamwita mzee wako tuketi pamoja. Kwanza tutatafuta mahali utakapolala wewe na watoto.