Mwanajeshi shujaa si yule asiyeogopa

Msomaji, huenda una mwana, ndugu au mume jeshini. Tangu wanajeshi wetu waingie Somalia Oktoba 2011, jamaa nyingi zimeagana nao bila kujua la kusema. Aghalabu husema, "Usiogope." Mimi kama daktari naona ushauri huo haufai.

Hofu si ugonjwa. Mwili ukihisi hatari, tezi zilizo juu ya figo humwaga adrenalini katika damu. Moyo huenda mbio, kinywa hukauka, tumbo huchafuka, viganja hutoka jasho. Haya humpata kuruta na kapteni vilevile. Tofauti ni kwamba aliyejiandaa anazijua dalili hizo, wala hazimshtui.

Anajiandaaje? Hurudia zoezi lile lile usiku na mchana, akiwa amechoka, risasi zikilia karibu, hadi mikono ifanye kazi hata akili ikisita. Hujifunza pia kupumua: vuta pumzi ukihesabu hadi nne, izuie kwa nne, itoe kwa nne, kisha subiri kwa nne. Pumzi ya polepole hutuliza mapigo ya moyo. Zaidi ya hayo, huzoeana na wenzake hadi waaminiane, kwani vitani mtu hujikaza kwa ajili ya mwenzake aliye kando yake.

Lakini maandalizi hayo yana mpaka. Charles Wilson, daktari Mwingereza aliyejulikana baadaye kama Lord Moran, aliwatibu wanajeshi mahandakini Ufaransa katika Vita Vikuu vya Kwanza. Katika kitabu alichotoa 1945, alifananisha ujasiri na akiba ya benki: vita huila kidogo kidogo, na hata shujaa huweza kuishiwa. Kwa maoni yangu, hapo ndipo tunapokosea. Tunamwandaa mtu kwenda, hatumwandai kurudi.

Kwa hivyo akiaga, mwambie kuogopa si aibu. Akirudi, mwache apumzike, na akitaka kusimulia, msikilize bila kumkatiza. Ikiwa mwezi umepita na bado hapati usingizi, anashtuka kwa kila kishindo au amezama katika pombe, mpeleke kwa daktari. Akitaja kujiua, usingoje hata siku moja. Hajawa mwoga. Akiba yake imepungua, na kwa mapumziko na matibabu anaweza kuijaza tena.